MAWE YENYE KUVURUGA WAKATI



Kuna hadithi ambazo vijana wanazipenda sana. Ndani yake kuna mawe ya kung'aa, mawe ya kristali, yenye kuvuruga wakati. Mwenye kugusa moja anazeeka kwa siku moja, ao anarudi katika siku ya jana, ao anaumia leo kwa jambo atakalolifanya kesho. Sababu na matokeo vinabadilishana nafasi, na hakuna tena mtu anayejua ni nini ilileta nini.

Wadogo wetu wa mwaka wa kwanza na wa pili wametuuliza: je, mawe ya namna ile yako kweli? Sisi wa mwaka wa sita tumelifikiri ulizo hili pamoja na yale tunayojifunza katika fizika na kemia, na jibu letu ni hili. Jiwe la kumrudisha mtu katika siku ya jana haliko. Lakini jiwe lenye kubeba saa ndani yake liko. Na jiwe lenye kumpiga mtu leo, naye akaugua kisha miaka 20 bila kujua ni nini ilimpiga, hilo pia liko. Tena inchi yetu ya Kongo imetoa mawe hayo kuliko inchi nyingi za dunia. Kwa hiyo inafaa tuyajue, maana wengi wetu tunazaliwa, tunachunga ngombe na tunalima maharagi juu ya vilima vyenye mawe.

1. JIWE LENYE KUHESABU SEGONDE

Tuanze na jambo zuri. Watu wa Ngungu wanajua njia ya kwenda Numbi, na wanajua mawe yanayotoka kule: kasiteriti, koltani, na turmalini, ile kristali ndefu ya rangi ya kijani, nyekundu ao nyeusi. Katika mwaka 1880, vijana wawili Wafaransa wa tumbo moja, Jacques na Pierre Curie, waligundua kwamba ukikandamiza kristali ya turmalini ao ya kwarzi, inatoa umeme kidogo. Kisha ikaonekana kwamba na kinyume chake ni kweli: ukiipa kristali umeme, inatikisika.

Saa za mkono zinatumia jambo hili. Ndani ya saa kuna kipande kidogo cha kwarzi, na betri inakitikisa mara 32,768 kwa segonde moja. Kwa nini hesabu ile? Igawanye kwa mbili, kisha tena kwa mbili, mara 15, utaona inabaki 1 kamili. Mashini ndogo ndani ya saa inafanya mgawanyo huo na kusukuma mshale hatua moja. Saa ya mkono ya kwanza ya namna hii iliuzwa Japani mwaka 1969, na bei yake ilikuwa kubwa sana. Leo zinauzwa sokoni kwa feza kidogo. Kumbe mwenye saa ya bei ndogo anatembea na kristali mkononi, nayo inamwambia kama amechelewa masomo.

2. JIWE LENYE KUHESABU MILIYONI ZA MIAKA

Saa ya pili ni ya ajabu kuliko ile. Mwaka 1896, mwalimu mmoja wa Paris, Henri Becquerel, aliweka kristali za chumvi ya uraniumu juu ya bamba la kupigia picha, lililofungwa ndani ya karatasi nyeusi, akavitia vyote katika meza ya kufunga. Jua halikuingia mle. Hata hivyo alipolisafisha bamba lile, aliona alama ya kristali juu yake. Hivi akajua kwamba uraniumu inatoa miali yenyewe, bila moto, bila jua, bila kusukumwa na mtu. Mwaka 1898 Pierre Curie, yule wa turmalini, na mke wake Marie, waligundua radiumu, yenye miali mikali sana kuliko uraniumu.

Miali hii inatoka wapi? Atomu za mawe haya hazikai salama. Moja moja zinavunjika, na kila inayovunjika inatupa kipande chake kwa nguvu na kugeuka kuwa atomu ya namna ingine. Uraniumu inapita hatua nyingi, inakuwa radiumu, inakuwa hewa inayoitwa radoni, na mwisho inakuwa risasi, ile tunayoiita plombi, ambayo haivunjiki tena.

Sasa msikilize vizuri, maana hapa ndipo wengi wanapotea. Tuseme maharagi 800 ni atomu 800 za radiumu. Kisha miaka 1,600, nusu imevunjika, yanabaki 400. Kisha miaka 1,600 ingine, hayabaki sifuri, yanabaki 200. Kisha 100, kisha 50. Muda huu wa kupoteza nusu, kila namna ya atomu ina wake. Radoni inapoteza nusu kwa siku karibu 4. Uraniumu ya kawaida inapoteza nusu kwa miaka miliyari 4 na nusu. Huwezi kuuharakisha kwa moto, huwezi kuuchelewesha kwa baridi. Ndiyo maana ni saa nzuri.

Lakini ukichagua haragi moja na kuuliza, hili litavunjika lini? hakuna mwalimu wa dunia atakayekujibu. Pengine ni leo, pengine kisha miaka 10,000. Na likivunjika leo, hakuna jambo ambalo fizika inaweza kuonyesha kwa kidole na kusema, hili ndilo lililolisukuma leo na si jana. Tunajua tu namna kundi zima litakavyokwenda. Hivi hata katika fizika sababu ina mahali pa kujificha, na hadithi za kubuni hazikusema uongo mtupu.

Saa hii imepima hata koltani yetu. Kristali ya koltani ilipozaliwa ndani ya mwamba, ilimeza uraniumu kidogo. Tangu siku ile uraniumu inageuka plombi polepole, na plombi inabaki mle ndani. Wataalamu wanapima plombi na uraniumu, wanalinganisha, na wanapata umri. Koltani ya milima ya upande wetu na ya Rwanda ina miaka karibu miliyari moja. Mwaka 1956 mtaalamu Clair Patterson, kwa njia ya plombi pia, alionyesha kwamba dunia yenyewe ina miaka karibu miliyari 4 na nusu.

Tunajua kwamba wengine watauliza namna gani hii inapatana na kitabu cha Mwanzo. Ulizo hilo ni zuri, na linafaa kupelekwa kwa mchungaji na kwa mwalimu wa dini. Sisi tunasema tu kwamba mbele ya Mungu hesabu ya siku si kama hesabu yetu, na kwamba hatuheshimu Muumba kwa kukataa kutazama mawe yake.

3. JIWE LA SHINKOLOBWE

Mwaka 1915 Mwingereza mmoja, Robert Sharp, aliyekuwa akitafuta madini katika Katanga, aliona mawe mazito yenye rangi za ajabu mahali panapoitwa Shinkolobwe, karibu na mji unaoitwa leo Likasi. Ilikuwa uraniumu. Ndani kulikuwa jiwe jeusi, na juu yake kristali za manjano, za machungwa na za kijani. Nyingi zilikuwa hazijajulikana bado duniani, zikapewa majina ya wataalamu: bekereliti kwa Becquerel, kuriti kwa Pierre Curie, sklodowskiti kwa jina la ubinti la Marie Curie. Hivi majina ya watu wa Paris na wa Poland yalikaa juu ya mawe yaliyochimbwa na mikono ya Wakongomani, ambao majina yao hayakuandikwa popote.

Kwanza uraniumu haikutafutwa kwa ajili yake yenyewe. Watu walitaka radiumu, ambayo gramu moja yake inakaa ndani ya tani karibu 3 za uraniumu. Tangu mwaka 1922 kampani ya Union Minière ilisafisha radiumu katika Olen, kule Ubelgiji, na Ubelgiji ukawa muuzaji mkubwa wa radiumu duniani.

Kisha vita ikaja. Mwaka 1940 mkubwa wa kampani, Edgar Sengier, alituma zaidi ya tani 1,000 za jiwe la Shinkolobwe mpaka New York. Zikakaa katika depo, kisiwa cha Staten Island. Mwezi wa 9, 1942, jeshi la Marekani lilizinunua. Sehemu kubwa ya uraniumu iliyotumiwa katika kazi ile ya siri ilitoka Kongo. Tarehe 6 mwezi wa 8, 1945, bomu la uraniumu lilitupwa juu ya mji wa Hiroshima, katika Japani.

Tutazame mnyororo huu. Jiwe lililokaa ndani ya bulongo zaidi ya miaka miliyoni 500, linatolewa na mchimbaji wa Katanga asiyejua linakwenda wapi, linavuka bahari, na linaua watu wa inchi ambayo mchimbaji yule hakuiona hata siku moja. Katika Hiroshima kulikuwa mtoto wa miaka 2, jina lake Sadako Sasaki. Bomu halikumwua. Alikua, akaenda shule, akapenda kukimbia mbio. Kisha alishikwa na ugonjwa wa damu kwa sababu ya miali ile, akafa mwezi wa 10, 1955. Alikuwa na miaka 12. Pigo lilikuwa la segonde chache, na lilikamata uhai wake kisha miaka 10. Hili ndilo tunaloliita kuvuruga wakati.

Shimo la Shinkolobwe lilifungwa mwaka 1960 na kuzibwa kwa saruji. Lakini baadaye wachimbaji wa mikono walirudi pale kutafuta kobalti. Mwezi wa kwanza 2004 Serikali ilikataza kazi pale, na katika mwezi wa 7 wa mwaka uleule sehemu ya shimo iliporomoka na kuua watu.

4. NAMNA JIWE LINAVYOFICHA SABABU

Ukigusa moto, unaumia palepale, na unajua ni moto. Mtoto anajifunza mara moja. Lakini miali haina rangi, haina harufu, haina joto la kusikia. Inaingia mwilini, inaharibu chembe za damu na za mifupa, na mtu anakwenda zake akiimba. Ugonjwa unakuja baadaye. Kwa hiyo mtu anapougua, hatazami nyuma mbali, anatazama karibu: alikula nini jana, nani alimpa bia, nani alimtazama vibaya sokoni.

Mambo haya hayakuanza kwetu. Katika milima ya Schneeberg, Ujerumani, wachimbaji wa feza walikufa vijana kwa ugonjwa wa kifua, mamia ya miaka. Georgius Agricola, katika kitabu chake juu ya madini cha mwaka 1556, aliandika juu ya wanawake wa milima ya Carpathia walioolewa na wanaume saba, mmoja kisha mwingine, wote wakafa kwa kifua. Aliandika pia kwamba mashetani wanakaa katika mashimo mengine. Ni mwaka 1879 tu waganga wawili, Härting na Hesse, walionyesha kwamba ugonjwa wa Schneeberg ulikuwa uvimbe mbaya wa mapafu. Na radoni, ile hewa ya mawe yenye uraniumu, ilijulikana baadaye kuwa ndiyo yenye kosa.

Mfano wa pili ni wa saa. Tangu mwaka 1917 wasichana wa Marekani, katika mji wa Orange, walipaka rangi ya radiumu juu ya saa ili zing'ae usiku. Walifundishwa kuchonga ncha ya burashi kwa midomo yao. Kila mara walimeza kidogo. Mwili unadhani radiumu ni kalsiumu na unaipeleka katika mifupa. Mmoja wao, Grace Fryer, aliacha kazi mwaka 1920, na ni baadaye meno yake yalianza kutoka na mifupa yake kuoza. Kampani ilikana kwamba kazi ndiyo sababu, na wengine wao walisemwa kuwa na ugonjwa wa uasherati. Fikiri haya: msichana anakufa, na juu yake anavunjiwa jina. Grace na wenzake wanne walishitaki kampani, na mwaka 1928 walilipwa. Alikufa mwaka 1933. Marie Curie mwenyewe alikufa mwaka uliofuata, 1934, kwa ugonjwa wa damu, kisha kushika radiumu miaka mingi kwa mikono mitupu.

Mfano wa tatu unatufundisha zaidi. Mwezi wa 9, 1987, katika mji wa Goiânia, inchi ya Brezili, watu wawili walitoa mashini ya zamani katika nyumba ya waganga iliyoachwa, wakaivunja ili wauze vyuma. Ndani kulikuwa chumvi ya sesiumu yenye kutoa mwangaza wa buluu gizani. Mwenye duka la vyuma aliipenda, akawagawia jamaa na marafiki kama zawadi. Mtoto wa miaka 6 alicheza nayo, akala chakula kwa mikono ileile. Watu wakaanza kutapika. Walizani ni chakula. Ni mke wa mwenye duka aliyesimama na kujiuliza: wagonjwa hawa wote waligusa nini? Akaona ni unga ule. Akauleta ndani ya mfuko, kwa bisi, mpaka ofisi ya afya. Watu wanne walikufa, mama huyu pia na mtoto yule. Lakini kwa sababu alitafuta sababu ya kweli, mji mzima ulipona. Hakuwa mtaalamu. Aliuliza tu ulizo lililofaa.

5. NA KWETU?

Tusitiane woga bure. Kipande kimoja cha koltani mkononi hakiui mtu. Koltani ina uraniumu na toriumu kidogo, na kiasi kinageuka kufuatana na shimo. Lakini kidogo cha kila siku, kwa miaka mingi, si kidogo tena. Magunia yanawekwa chini ya kitanda. Mtoto analala juu yake. Vumbi ya kuponda inaingia katika kifua, na vumbi ya mawe yenyewe, hata bila miali, inafunga mapafu kwa ugonjwa usio na dawa ya kuuondoa. Na tena mashimo yanaporomoka, Rubaya na pengine, hilo sote tunalijua.

Kwa hiyo tunawaomba ndugu na dada zetu haya:

Moja. Usilale katika chumba kimoja na magunia ya mawe, wala usiyaache penye chakula na watoto.

Mbili. Usilambe jiwe ili uone rangi yake. Wengi wana desturi hii. Kumbuka wasichana wa Orange.

Tatu. Mwenye kufanya kazi ya mawe amwagie maji kabla ya kuponda, ili vumbi isipande. Anawe mikono mbele ya kula. Asirudi na nguo za kazi nyumbani.

Ine. Mtu akikuletea kibweta kidogo kizito na kusema ni uraniumu, itakupa feza ya kujenga nyumba, ukatae. Kama ni uongo, utapoteza feza. Kama ni kweli, utapoteza zaidi.

Tano. Kitu cha kung'aa kilichotoka katika mashini ya lopitali ao ya kiwanda, usikivunje na usikichukue. Simama mbali na umwite mkubwa.

Sita, na hili ndilo kubwa kwetu. Mtu akiugua ugonjwa wa ajabu, mbele ya kutaja jina la jirani, mbele ya kusema ni sumu ao ni uchawi, tumuulize: miaka 10 iliyopita ulifanya kazi gani? Ulichimba wapi? Ulilala wapi? Umwambie munganga haya yote, maana akiuliza juu ya juma hili tu, hatapata kitu. Katika inchi yetu wazee na wajane wamefukuzwa katika nyumba zao, na wengine wamepigwa, kwa kifo ambacho hawakukileta. Mwenye kumshitaki mtu asiye na kosa anafanya madhara mawili: anamtesa yule, na anaacha sababu ya kweli iendelee kuua watoto wake.

Tunawaandikia hasa wale wanaofikiri kuacha masomo kwa ajili ya shimo. Tunajua minervali ni nzito, na tunajua nyumbani kuna njaa, hatuwacheki. Tunajua pia kwamba feza ya shimo inaonekana jioni ileile, na faida ya masomo inakawia. Lakini ndivyo jiwe linavyodanganya: linalipa upesi na linadai baadaye. Masomo yanadai upesi na yanalipa baadaye. Mtume Paulo aliwaandikia Wagalatia juu ya kupanda na kuvuna, na kila mkulima wa Ngungu anajua kwamba kati ya siku ya mbegu na siku ya chakula kuna miezi, na kwamba miezi ile haibadilishi maharagi kuwa mahindi. Matokeo yakikawia, bado yana baba yao.

Mwenye ulizo ao mwenye kutaka kusahihisha hesabu zetu, atuandikie karatasi na kuitia katika kisanduku cha gazeti. Tutajibu katika namba itakayofuata, Mungu akipenda.

Kwa jina la wanafunzi wa mwaka wa sita,
Mkubwa wa wanafunzi